Siku Thelathini za Matanga

Miaka ile nilikuwa muuzaji katika duka la mbegu na dawa za mifugo mjini Kitale, na kitu cha kwanza mwenye duka alichonifundisha ni kugeuza chupa na kuisoma tumboni. Dawa ya kupe ina tarehe yake ya mwisho. Dawa ya minyoo ina yake. Hata mfuko wa mbegu ya mahindi, ambayo mkulima ataifukia ardhini asiione tena, umepigwa muhuri wa mwezi na mwaka. Ukimuuzia mtu kitu kilichopitwa na wakati bila kumwambia, atarudi na hasira zake akusimange mbele ya wateja, na haki itakuwa yake. Nilikaa nyuma ya kaunta ile nikiamini kwamba dunia nzima huenda hivyo, kwamba chochote chenye mwisho sharti kimwambie mtu mwisho wake uko wapi. Ndipo wazee wakaamua kesi ya mama yangu.

Mama aliishi Tongaren, kwenye ardhi ambayo baba aliipata zamani za skimu, serikali ilipogawia watu mashamba ya wazungu. Shamba lenyewe lilikatwa na barabara. Upande wa juu palikuwa na nyumba, migomba na zizi la ng'ombe wawili. Upande wa chini, kushuka hadi kijitoni, palikuwa na shamba jingine lenye hatimiliki yake peke yake, na hatimiliki hiyo ilikuwa kwa jina la baba. Udongo wake ulikuwa mweusi, wa kushikana mkononi ukiufinya. Huko ndiko yalikotoka mahindi yaliyotusomesha sote. Baba alipofariki, mama aliendelea kulilima vilevile, akiamka kabla ya kuku na kurudi na tope hadi magotini, wala hakuna aliyemuuliza kitu.

Kaka mkubwa wa baba alikuwa jirani yetu. Kati ya boma lake na letu palikuwa na ua wa kayaba tu, tena ua wenyewe ulikuwa na tundu ambalo watoto na kuku walipita wapendavyo. Mzee huyu alikaa kimya miaka kadhaa baada ya kumzika ndugu yake. Halafu siku moja, kwenye chai ya Krismasi, akaweka kikombe chini na kusema kwamba shamba la chini ni lake, kwamba ndugu yake alikuwa amemshikia tu. Amemshikia! Kana kwamba shamba ni ng'ombe wa kukabidhiwa jirani. Mama alicheka, akidhani ni utani wa shemeji. Haukuwa utani. Mwaka uliofuata alipeleka madai yake kwa baraza la wazee wa ardhi.

Nitawasema wazee wale kwa haki. Hawakuwa watu wabaya. Walikuwa wakulima wenye kofia za zamani na makohozi ya asubuhi, na mmoja wao alikuwa mwalimu mstaafu aliyependa kusahihisha maneno ya wenzake. Walikaa kwenye ukumbi wa mabati, wakasikiliza, wakaenda hadi kijitoni kutazama mpaka, wakarudi wamejaa mbigili kwenye suruali. Serikali ilikuwa imewapa kazi ya kusuluhisha ugomvi wa mashamba ili watu wasimalize mali yao kwa mawakili. Wazo zuri. Ugomvi wa kwetu usikizwe na watu wa kwetu, kwa lugha tunayoielewa. Mama aliwaamini kabisa, kwa sababu walikuwa wazee na kwa sababu mmoja wao alikuwa ameimba naye kwaya.

Uamuzi ulisomwa siku ya soko, nikiwa nimeomba ruhusa kazini ili nikae karibu naye. Walisema shamba la chini lirudi kwa mzee. Sababu ilikuwa kwamba yeye ndiye mkubwa, na kwamba kuna mtu aliyekumbuka kumwona akiweka vigingi vya kwanza. Hatimiliki yenye jina la baba ilikuwa mezani mbele yao. Mwenyekiti aliisogeza kando taratibu kwa kidole, kama mtu anayesogeza sahani asiyoitaka. Kisha akafunga kikao kwa sauti ya upole.

"Mwenye hajaridhika, njia ya rufaa iko wazi," alisema.

Iko wazi. Hivyo tu. Hakusema iko wazi mpaka lini. Karatasi tuliyopewa nayo haikusema. Niliigeuza mbele na nyuma kwa mazoea ya dukani, nikaona mihuri na sahihi za watu wazima, nikaikunja. Tuliletewa soda, tukanywa pamoja, mshindi na mshindwa, maana kwetu huwezi kutoka barazani ukiwa na koo kavu.

Njiani mama alikuwa mtulivu kuliko mimi. "Tutaenda mbere," aliniambia. "Wewe huko Kitale utafute wakiri mzuri, lakini asiwe wa makelele. Wiki kesho nakuja."

Wiki hiyo haikuisha. Mke wa yule mzee aliugua siku mbili, akafa.

Hapa ndipo watu wa mbali huacha kunielewa ninaposimulia, kwa hiyo nitaeleza polepole. Marehemu na mama yangu walikuwa wameolewa kwenye boma lile mwaka mmoja. Walizaa kwa zamu, walibebeana watoto, walikopeshana chumvi kupitia tundu la kayaba. Kesi ilipoanza, yule mama alimwambia mama yangu kwamba hayo ni mambo ya wanaume, akaendelea kumletea mbegu za mboga. Sasa alikuwa amelala mochari, na mumewe ndiye aliyetushinda barazani. Kwetu mwenye msiba haguswi. Hudaiwi, hushtakiwi, huitwi popote maadamu moto wa matanga unawaka uani kwako. Aliyekukosea leo akifiwa kesho, unachukua mtungi unaenda kumtekea maji. Hilo halijadiliwi. Mtoto wa miaka sita analijua.

Mama alichukua mtungi. Alihamia kwa mzee kama mtu aliyeajiriwa. Alipasua kuni, alichambua mboga kwenye magunia, alisonga ugali kwenye masufuria ambayo mtu mzima angeweza kuogea ndani. Mwili ulikaa mochari kungoja watoto watoke Nairobi na tenti zipatikane. Nilipofika mwisho wa juma nilimkuta amekauka midomo, macho mekundu kwa moshi, analia na kukoroga kwa wakati mmoja. Nilimvuta kando karibu na pipa la maji.

"Mama, na ile rufaa?"

Aliniangalia kama niliyetukana kanisani.

"Wewe! Mtu ako na maiti, na unataka nimpereke kortini? Watu watasema nini? Ati nilingoja bibi yake akufe ndio nimrukie?"

Nilichukua kata nikamjazia mtungi. Na angekuwa mama yako, msomaji, nawe ungeujaza.

Siku ya mazishi, baada ya udongo kusawazishwa na mchungaji kuomba, mzee alisimama na fimbo yake kuwashukuru watu. Aliwashukuru wakwe, kanisa, chama cha akina mama. Kisha akamtafuta mama yangu kwa macho kati ya wapishi, akamwona, na sauti yake ikakatika. Nilikuwepo. Ilikatika kweli.

"Kuna mambo ya shamba kati yetu," alisema. "Hiyo tuwache kwanza. Matanga iishe. Sisi ni watu wa boma moja."

Umati ukaitikia amina. Wanawake wakamshika mama mabega. Mama alifuta uso kwa leso, na jioni hiyo akaniambia nirudi Kitale nikafanye kazi kwa amani, kwamba Mungu ameanza kulainisha moyo wa shemeji yake, na pengine hata korti hatutaihitaji. Nilirudi nikauza dawa.

Siku chache baadaye, wageni wengine wakiwa bado wamelala kwenye nyasi chini ya tenti, mzee alivaa suti yake nyeusi asubuhi na mapema. Alisema anakwenda Misikhu, kwa wakwe zake, kumshukuru mama wa marehemu aliyekuwa mgonjwa asiweze kuja kuzika. Mama ndiye aliyempikia chai. Akampasulia na viazi vitamu ashibe. Halafu akakumbuka kwamba mtu haendi kwa mama mkwe mikono mitupu, hasa mfiwa, akapitia tundu la kayaba hadi jikoni kwake, akapima unga wa wimbi aliokuwa ameusaga kwa ajili ya uji wetu, akautia kwenye kikapu chenye kifuniko. Alimbebea kikapu hicho mpaka barabarani.

Matanga yaliisha yalivyoisha. Wageni walirudi kwao, tenti zikakunjwa, na mama alikuwa mtu wa mwisho kuondoka, maana alibaki kusugua masufuria ya watu. Alisubiri mzee amwite waongee. Mzee alisema tuvune kwanza. Wakavuna. Baada ya mavuno alianza kuonekana akipima shamba la chini kwa hatua zake ndefu, pamoja na mtu wa trekta.

Ndipo mama akaja Kitale, kitambaa cheupe kichwani, hatimiliki ndani ya Biblia na Biblia ndani ya mfuko wa plastiki. Nilimpeleka kwa wakili mmoja kijana juu ya duka la viatu. Kijana alisoma karatasi ya wazee, na kadiri alivyosoma ndivyo uso wake ulivyong'aa. Alipiga meza.

"Mama, hii kesi ni nzuri sana! Hawa wazee hawakuwa na mamlaka. Shamba likishakuwa na hatimiliki, wao hawawezi kumnyang'anya mtu na kumpa mwingine. Hii naiangusha asubuhi moja."

Mama alianza kumshukuru Yesu. Mimi nilikuwa nimeshaona mbegu zetu ardhini.

"Walisoma lini?" wakili akauliza, akifungua kalamu.

Mama akamwambia. Kalamu ilisimama. Alimuuliza tena, akimtajia mwezi, kama mtu anayetumaini amesikia vibaya. Kisha akaiweka chini na kutueleza, bila kututazama, kwamba asiyeridhika na uamuzi wa wazee alikuwa na siku thelathini za kukata rufaa. Kulikuwa na njia nyingine pia, ya kwenda Mahakama Kuu kuuomba uamuzi ufutwe, yenye muda mrefu zaidi, lakini muda huo nao ulikuwa umetukimbia wakati tukingoja mavuno.

"Thelathini kutoka lini?" mama aliuliza. "Kutoka matanga kuisha?"

"Kutoka siku ya uamuzi, mama."

Alianza kuhesabu. Naye alihesabu kwa kazi, si kwa kalenda: siku za mochari, siku ya kaburi, siku za kuosha masufuria. Niliona midomo yake ikisogea. Karibu zote thelathini zilikuwa zimeishia uani kwa yule mzee.

Wakili alisema tujaribu hata hivyo, tukaiombe mahakama ituongezee muda. Tukaenda Bungoma. Kutoka stendi tulipanda baiskeli mbili, mama akikaa upande na Biblia yake kifuani, mwendeshaji akimwambia, "Shika mimi mzuri, mama, usiangukie gari ya watu." Kwenye benchi nje ya korti tuliketi na mzee mmoja mgeni aliyekuwa na kesi yake. Aliuliza yetu ni ya nini, mama akamweleza yote, maana mama hajui kueleza nusu. Mtu yule alitikisa kichwa kwa hekima ya bure na kusema, "Chelewa chelewa, utakuta mwana si wako." Nusura nimtupie kiatu. Tulichelewa wapi? Mama yangu hakulala hata moja katika zile siku. Alikuwa akimpikia mtu aliyekuwa akimhesabia siku.

Ndani hatukukaa muda mrefu. Wakili wetu alieleza habari ya msiba, na kuna watu nyuma walioguna kwa huruma. Wakili wa mzee akasimama. Alisema wanasikitika kwa msiba, ambao kwa hakika ulikuwa wa mteja wake, si wa mama huyu. Alisema barabara ya kutoka Tongaren haikufungwa siku hizo. Kisha, kwa majivuno, akasema mteja wake, ingawa ndiye mfiwa, hakulala: siku chache tu baada ya kumzika mkewe alifika mwenyewe hapa Bungoma kufuatilia uamuzi wa wazee ili uingizwe kortini na kupigwa muhuri.

Suti nyeusi. Chai. Viazi vitamu. Niligeuka kumtazama mama, na nikaona kwamba naye ameshafika pale nilipofika.

Jaji alisema anamwonea huruma. Alisema hata kwamba huenda wazee walikosea kisheria. Lakini ugomvi wa watu lazima uwe na mwisho, na muda uliowekwa na sheria ukishapita, umepita. Akafunga faili, wakaita kesi nyingine.

Nimelifikiria neno hilo miaka mingi na hasira yangu haijapoa. Sisemi muda usiwepo. Nimeuza dawa, najua kitu hakiwezi kukaa rafuni milele, na najua aliyeshinda naye anahitaji siku ya kulala bila hofu. Ninachosema ni kwamba tarehe huandikwa kwenye chupa. Ninachosema ni kwamba serikali ilikuja kwetu ikasema, leteni wazee wenu, mambo yenu yaamuliwe kwa desturi zenu. Tukakubali. Wakachukua wazee wetu na kuacha matanga yetu. Wakachukua ukumbi, soda, kwaya na mvi, na nyuma ya hayo yote wakaficha saa ya kortini, ikiwa inatembea, bila kumwambia mwanamke mmoja kwamba inatembea. Na aliyeisikia ikitembea ni yule tu aliyekuwa tayari kuivunja desturi huku akijifunika nayo. Huo si usuluhishi. Ni wizi wenye muhuri, na nitauita hivyo mpaka nife.

Tulimkuta mzee kwenye korido, akisubiri wakili wake. Nilimwendea nikiwa na maneno ambayo binti hamwambii baba mkubwa, na nikayasema mengi yake. Aliniacha nimalize. Kisha akamgeukia mama, akijipangusa paji la uso.

"Shemeji, usinichukie bure. Mimi nilisema tuwache kuongea. Sikusema usiende."

Mama hakumuuliza habari ya shamba. Alimsogelea kidogo, kwa sababu korido ilikuwa na kelele.

"Ule unga wa wimbi," alisema. "Urifika Misikhu kwa mama?"

Mzee alifungua mdomo. Alitazama viatu vyake, akatazama mlango. Mama alisubiri jibu kwa adabu, muda wa kutosha, halafu akanishika mkono tukaenda kutafuta baiskeli.

Trekta iliingia shamba la chini kabla ya mvua. Kila mwaka baada ya hapo mama alikaa jikoni kwake, ng'ambo ya barabara, akiyaona mahindi yasiyo yake yakirefuka kwenye udongo aliojaza samadi kwa mikono yake. Alinunua mahindi ya chakula sokoni, yeye aliyezoea kuyauza. Hakuhama. Lile tundu la kayaba aliliziba kwa matawi ya miiba, na sikumwona akilifungua.

Miaka michache baadaye nilikuwa kwake likizoni, tunakunywa chai, jirani mmoja akapita njiani. Alikuwa mjane pia, mdogo kwa mama, na sote tulijua kwamba binamu ya marehemu mumewe amemshinda kwa wazee, kwamba wamempa binamu nusu ya shamba lake. Alikuwa amebeba mtungi mtupu. Binamu huyo alikuwa amefiwa na mamake usiku wa kuamkia jana, na jirani alikuwa akienda kuteka maji, kama inavyopasa.

Mama aliweka kikombe chini.

"Uamuzi wako walisoma lini?"

"Si ni juzi tu, mama. Wiki iliyopita. Lakini hiyo itangoja, watu wako na maiti."

Mama aliinuka, akatoka nje, akamnyang'anya mtungi. Hakumnyang'anya kwa nguvu, lakini yule mwanamke aliushikilia kwa muda, maana hakuelewa.

"Rudi nyumbani, vaa viatu vya kanisa," mama alimwambia. "Chukua ile karatasi ya wazee. Huyu msichana wangu atakupereka Kitale kwa wakiri, leo leo. Maji nitateka mimi."

"Na wakiniuliza? Watasema nimekataa kulia na wao."

"Nitawaambia umeenda kusaga."

Jirani alisimama akitazama barabara ya kwenda msibani, kisha ya kwenda kwake. Mwishowe alikimbia, kandambili zikipiga visigino. Mama aliingia jikoni akachukua mtungi wake mwenyewe, akashuka kijitoni na yote miwili. Niliambiwa baadaye kwamba alipofika kwa wafiwa aliutua wa kwanza bila neno, na alipoutua wa pili alisema kwa sauti, ili kila mtu asikie, kwamba huo ni wa jirani yake, yuko kwenye mashine ya unga, foleni ni ndefu.